Nikishika filamu mimi, nani atahesabu sahani?

Shikamoo Mama,

Mimi ni mama wa watoto watatu, nina miaka 39, naishi Kirumba hapa Mwanza. Kwa miaka 13 nimekuwa meneja uzalishaji wa filamu na tamthilia. Naomba nieleze kidogo kazi yenyewe, maana hata ndugu zangu hadi leo wanadhani mimi ni mwigizaji ambaye hajapata bahati ya kuonekana.

Skripti ikifika, mimi ndiye ninayeichambua sini kwa sini: hapa unatakiwa mtumbwi, hapa polisi wawili na sare zao, hapa mvua, hapa mtoto mchanga na mama yake awe karibu. Naandika bajeti. Naandika barua za vibali kwenda Bodi ya Filamu, manispaa, kwa mwenyekiti wa mtaa, na kama kuna ziwa ndani yake, kwa viongozi wa BMU, kikundi cha wavuvi kinachosimamia mwalo husika. Nakodi jenereta, natafuta nyumba za kulala wageni, napatana na mama ntilie bei ya sahani. Usiku watu wakilala mimi napanga ratiba ya kesho na kuwatumia kwenye kundi la WhatsApp. Filamu ikioneshwa, jina langu hupita mwishoni kabisa, watu wakiwa wameshasimama wanatafuta viatu.

Ziwa hili nalijua kwa namna ya kazi hiyo. Najua ukitaka taa za wavuvi wa dagaa zijipange majini kama mji, lazima uje kipindi cha giza, kwa sababu mbalamwezi ikiwaka dagaa hawakusanyiki vizuri kwenye taa na wavuvi wengi hubaki nyumbani. Najua mchana upepo unatoka ziwani na kila neno la mwigizaji linamezwa, kwa hiyo sini za maongezi ufukweni nazipanga asubuhi. Zamani sini moja ya Sengerema ilikuwa inakula siku nzima kwa ajili ya foleni ya kivuko pale Kigongo. Tangu daraja la Kigongo–Busisi lifunguliwe Juni 2025 naipanga kwa nusu siku na watu wanarudi kula nyumbani.

Sasa nifike penye maumivu. Miaka minne iliyopita tulikuwa Ukerewe. Mwongozaji akashikwa na malaria akalazwa siku tatu. Waigizaji wapo, mitumbwi imelipiwa, vyumba vimelipiwa. Prodyuza akanipigia simu kutoka Dar es Salaam: "Fanya unavyoweza, usirudi bila hizo sini." Nikaongoza sini nne. Moja ilikuwa ya bibi anayengoja mwanawe ambaye hajarudi kutoka majini. Skripti ilisema bibi analia. Yule bibi hakuwa mwigizaji, alikuwa mwenyeji wa palepale, na kila tukimwambia alie alikuwa anaona aibu. Nikamwambia, "Bibi, acha kulia. Wewe geuza tu dagaa wako, na kila ukigeuza fungu moja tazama maji." Akageuza. Alipofika fungu la nne mkono wake ukasimama wenyewe hewani. Mpigapicha alikuwa kimya, akanigeukia akasema, "Dada, hii imekaa."

Filamu ilipooneshwa watu walilia kwenye sini hiyo. Mwongozaji akaulizwa kwenye mahojiano aliwaza nini, akajibu vizuri, akashukuru. Kwenye majina mimi ni "Meneja Uzalishaji", basi. Mama, nilikwenda kulia chooni ili mume wangu asinione.

Mwezi uliopita prodyuza yuleyule kaniita. Anaanza tamthilia ya sehemu 13, karibu yote ni ya huku ziwani. Ananitaka niwe meneja uzalishaji, na malipo ni mazuri kuliko yote niliyowahi kupata. Nikajikaza nikamwomba sehemu moja niongoze mimi. Akacheka. Si kwa ubaya, ni mtu aliyenisaidia mengi. Akasema, "Sasa wewe ukishika filamu, nani atahesabu sahani?" Kikao kizima kikacheka na mimi nikacheka nao. Lakini nilipopanda daladala kurudi nyumbani kile kicheko kilikuwa bado kimekaa kifuani.

Ninayo skripti yangu, kurasa 70, nimeiandika miaka miwili usiku baada ya kutuma ratiba. Inahusu wanawake wanaoanika dagaa Igombe. Nina akiba ya shilingi milioni 4 na kiwanja Kisesa. Nawaza kuuza kiwanja, nikatae kazi ya prodyuza, nipige filamu yangu. Mume wangu ni mwalimu wa sekondari, mtu mpole. Aliposikia habari ya kiwanja akanyamaza siku nzima, jioni akaniambia, "Mama Neema, usiache mbachao kwa msala upitao." Hajakosea, ada za watoto miaka hii zimetoka kwenye kazi hii.

Na kuna hofu nyingine ambayo sijamwambia mtu. Kijana mmoja mwigizaji aliwahi kuniambia, "Dada, wewe ukiingia tu seti, sisi tunaanza kukunja vitu." Naogopa kwamba miaka 13 ya kuhesabu imeniua kitu ndani, na kwamba Ukerewe ilikuwa bahati.

Niuze kiwanja? Nikatae kazi? Na zile sini nne nizidai au nizisahau?

Mwanao,
Meneja wa Kirumba

---

Marahaba, mwanangu.

Barua yako nimeisoma mara tatu, na mara zote nilisimama pale pa mkono wa bibi.

Kiwanja usiuze. Nalitanguliza hilo ili wewe na baba watoto mlale usingizi. Ungemwambia nini prodyuza mgeni ambaye angekuja kwako na skripti ya kurasa 70, filamu ya zaidi ya saa moja, yenye mitumbwi, mvua na umati wa mwaloni, halafu akakuambia fedha yake yote ni bei ya kiwanja kimoja cha Kisesa? Ungechukua kalamu, ungepiga hesabu mbele yake, na ungemwonesha siku fedha itakapokatika, pengine siku ya tisa kati ya siku 20. Wewe unajua filamu iliyokwama siku ya tisa inavyofanana. Watu wanadai, jenereta linachukuliwa na mwenyewe, na picha zinabaki kwenye diski mpaka waigizaji wanazeeka. Huruma unayowapa wageni kwa kuwaambia ukweli, jipe na wewe.

Lakini usinisome vibaya. Sikuambii ubaki ulipo. Nakuambia mlango uliouchagua sio, na upo mwingine ambao umeshaingiza mguu.

Nami nilipita njia hii. Nilikuwa meneja uzalishaji wa tamthilia za televisheni Dar es Salaam kwa miaka tisa kabla mtu hajaniambia, "Haya, hii ongoza wewe." Sehemu yangu ya kwanza ilikuwa na sini ya baba anayerudi nyumbani baada ya miaka mingi kwenye machimbo ya Mererani, na binti yake hamtambui. Nilipanga siku ile kama nilivyopanga siku zote. Tulimaliza saa 10 jioni, saa mbili kabla ya muda. Watu wakanipigia makofi, wakapanda gari mapema, nikajiona nimeweza.

Wiki iliyofuata niko chumba cha uhariri. Mhariri wetu alikuwa mzee mtaratibu sana. Akairudia ile sini, akairudia tena, kisha akaniuliza bila kunitazama, "Teki ya tatu iko wapi?" Teki ya tatu haikuwepo; sini tulikuwa tumeipiga mara mbili tu. Katika teki ya pili yule binti alikuwa ndiyo kwanza ameanza kumwona baba yake. Maneno alikuwa ameshayamaliza, macho ndiyo yalikuwa yanaanza. Na hapo, sauti yangu mimi inasikika wazi kwenye kipaza sauti: "Kata, inatosha, tunahamia sebuleni." Nilikuwa nimetazama saa. Nilikuwa nimekumbuka jenereta limekodiwa hadi saa 12. Sini ile ilitoka hewani ikiwa nzima na imekufa, na mpaka leo nikimwona yule binti, ambaye sasa ni mama mtu mzima, natamani kumwomba radhi.

Kwa hiyo yule kijana wa "tunaanza kukunja vitu" usimchukie. Alikutajia mazoea ya mwili wako. Meneja mzuri hufunga maswali mapema. Mtumbwi upi? Huu. Tunakula wapi? Pale. Mvua ikinyesha je? Tunaingia ndani, tunapiga sini ya 14. Kila swali unalolifunga jioni ni fedha iliyookoka asubuhi, na ndiyo maana watu wanakupenda. Mwongozaji naye anatakiwa aliache swali moja wazi mpaka mwisho, huku watu 40 wamesimama wanamtazama na jua linashuka: hivi huyu bibi analia, au anageuza dagaa? Ni kazi ngumu kwa mtu wa kwetu kusimama kimya mbele ya watu 40 bila jibu. Mwili wote unakuambia sema kitu, toa amri, hamisha kikosi.

Na wewe Ukerewe ulisimama. Skripti ilikupa jibu tayari, analia, ukalikataa. Mbele ya mitumbwi iliyolipiwa ukamwacha mwanamke mzima ageuze mafungu manne ya dagaa. Mameneja niliowahi kufanya nao kazi wangeshasema kata fungu la pili. Kama kuhesabu kungekuwa kumekuua, mkono wa yule bibi ungepata wapi muda wa kusimama?

Tena usidhani unapita uchochoroni peke yako. Robert Aldrich wa Marekani aliingia studio ya RKO mwaka 1941 akiwa karani wa uzalishaji, wa kukimbiza makaratasi, akawa msaidizi wa waongozaji, akawa meneja uzalishaji, na filamu yake ndefu ya kwanza akaiongoza mwaka 1953. Hesabu mwenyewe hiyo miaka. Baadaye, kuanzia 1975 hadi 1979, alikuwa rais wa chama cha waongozaji wa Marekani, na chama hicho, nakuomba ulishike hili, wanachama wake si waongozaji tu. Wasaidizi wa waongozaji wamo, na mameneja uzalishaji wamo, kwa kadi halali. Akira Kurosawa wa Japani naye alikaa usaidizi miaka 7, kutoka 1936 hadi 1943. Ila ninayempenda zaidi mimi ni Guy Hamilton, kwa sababu alipita huku kwetu. Mwaka 1951 mwongozaji John Huston alikuja kupiga filamu ya mashua, The African Queen, kwenye mito ya Uganda na Kongo. Kikosi kiliugua tumbo, mashua yenyewe ikazama ikabidi iopolewe, na msaidizi wa mwongozaji, mtu wa kuhakikisha kesho ipo, alikuwa Hamilton. Huyo baadaye aliongoza filamu nne za James Bond. Nikifikiria alivyojifunza kuongoza kikosi, simfikirii darasani. Namfikiria amesimama matopeni akihesabu nani leo anaweza kusimama.

Hapa kwetu bado tunamtazama meneja uzalishaji kama mtu wa chakula na magari. Chakula na magari navihesabu kazi ya heshima. Ninachokataa ni kudhani kwamba aliyeisoma skripti mara 20 ili ajue inagharimu nini hakuelewa inasema nini.

Sasa tuje kwa prodyuza wako. Kile kicheko ukisikilize tena, utasikia woga. Mtu anayelala Dar es Salaam wakati fedha yake iko ndani ya mtumbwi Ukerewe analala kwa sababu yako. Umemwambia unataka kuhamia kiti kingine, yeye akasikia kwamba usingizi wake unaondoka. Swali lake la sahani ni swali la kweli, na mpaka leo hujalijibu. Lijibu. Unaye msaidizi, najua unaye, hakuna meneja wa miaka 13 asiye na binti au kijana anayembebea daftari. Mpeleke kwa prodyuza kwa jina. Mwambie: huyu amefanya nami kazi miaka kadhaa, sahani atahesabu yeye, na kwa sehemu mbili za mwanzo nitakuwa nyuma yake. Usipomlea wa kukaa kwenye kiti chako utaning'inia hapo hadi ustaafu, na lawama haitakuwa ya prodyuza peke yake.

Kazi yenyewe ichukue. Lakini neno ndiyo lisikutoke mpaka mambo mawili yameandikwa kwenye mkataba. Tamthilia ya ziwani ina picha nyingi ambazo mwongozaji mkuu hatapata muda nazo: mitumbwi inatoka, mwalo unaamka saa 11 alfajiri wanawake wakiwa na mabeseni, mvua inatembea juu ya maji, taa za giza. Picha hizo hupewa kikosi cha pili, chenye kamera yake na mwongozaji wake. Kidai kikosi hicho. Nani mwingine atakiweza? Wewe ndiye unayejua mwezi unaandama lini na upepo unageuka saa ngapi. Mgeni atakuja na kutaka Jiwe la Bismarck jua likizama, kama video zote za harusi za Mwanza. Pamoja na kikosi hicho, omba sehemu moja ya mwishomwisho, ya 11 au ya 12, kikosi kikiwa kimeshazoeana. Jambo la pili ni jina: maneno kamili yatakayosomeka mwishoni, "Mwongozaji wa Kikosi cha Pili" na "Mwongozaji wa Sehemu ya 11", yaandikwe kwenye mkataba kabla hujasaini. Umeandikia watu wengine mikataba kwa miaka 13. Huu ni wa kwako, uandike kwa ukali uleule.

Sini nne za Ukerewe zidai, ila kwa utaratibu. Mpigie kwanza yule mwongozaji, si prodyuza. Mtu aliyelazwa siku tatu anajua kwamba hakuwepo. Pengine anaona aibu miaka yote hii, pengine hajafikiria kabisa. Mpe nafasi ya kuwa mwungwana kabla hujamfanya adui. Kisha mwandikie prodyuza barua fupi isiyo na lawama, uombe vitu viwili: jina lako liongezwe kama mwongozaji wa ziada kwenye nakala zitakazotoka kuanzia sasa, na uruhusiwe kwa maandishi kutumia zile sini nne kama mfano wa kazi yako. La kwanza likigoma, hilo la pili usiliachie, kwa sababu dakika ile moja ya bibi ndiyo itakayokufungulia milango kuliko barua zako zote. Na barua hiyo iende sasa, kabla ya mkataba mpya, wakati yeye ndiye anayekuhitaji. Mitandaoni usiende. Nimeona watu wakienda huko na haki yao mkononi, wakarudi bila haki na bila kazi.

Hizo kurasa 70, kabla hujampa mtu yeyote azisome, zisajili COSOTA, kwa watu wa hakimiliki.

Kisha itoe ndani yake filamu fupi. Sijaisoma, lakini kuna mahali lazima patakuwepo, maana umeandika juu ya wanaoanika: dagaa wako mchangani, wingu linakuja kutoka ziwani, na wanawake wawili ambao hawasemezani wanatakiwa kuokoa mzigo mmoja. Mvua ikiwahi, dagaa wanaoza na mkopo unabaki. Kurasa 6, wanawake wawili, mwalo mmoja, siku mbili. Tenga milioni moja na nusu kwenye akiba yako, isizidi hata shilingi. Wote walipwe. Najua kuna mafundi kumi Mwanza watakaokuambia, "Dada, kwako bure," na wanamaanisha. Walipe nauli, chakula na kitu mkononi. Aliyezoea kukudai heshima usimgeuze mtu wa kukudai fadhila.

Waigizaji ndiko utakakopata shida, afadhali uijue mapema. Yule bibi wa Ukerewe alikuwa na dagaa wake mkononi, mahali pake, maisha yake. Kazi yako ilikuwa kutomwondoa hapo. Mwigizaji aliyezoea kulia akiambiwa lia ni jambo lingine, na hakuna bajeti iliyowahi kukufundisha kuzungumza naye. Kaa nao. Kabla ya kamera kuja, fanya mazoezi ya wiki tatu na wanawake wawili uliowachagua, jioni, bila kupiga picha. Usiwatafute Dar es Salaam. Una Wasukuma wanaoshindana ngoma, makundi ya Wagika na Wagalu, kila sikukuu ya Bulabo pale Bujora, kilomita chache kutoka kwenye kiwanja chako, watu waliolelewa kusimama mbele ya umati bila kutetereka. Una wanawake wa Igombe wenyewe. Waache waseme Kiswahili chao kilichochanganyika na Kisukuma na Kikerewe, usiwasafishe.

Na hapo kuna kitu ambacho naona hujakipa thamani yake. Watu wa mialoni ya Mwanza wana sababu ya kuogopa kamera. Mwaka 2004 Hubert Sauper, Mwaustria, alitoa filamu ya sangara wa ziwa hili, ikazunguka dunia hadi kuteuliwa kuwania Oscar, na mwaka 2006 Rais Kikwete akaikosoa hadharani kwamba imetuchafua. Mimi nina maoni yangu juu ya filamu ile na si ya leo, lakini wewe unajua kilichofuata mwaloni: mtu akiona kamera anauliza, mnatupeleka wapi? Wewe umepita mialoni hiyo miaka 13 na fedha za mitumbwi zilizolipwa siku ileile iliyoahidiwa. Mama ntilie wanakujua. BMU wanakujua. Mwanamke wa Igombe atakuruhusu ukae na kamera karibu na uso wake akiwa amechoka, kwa sababu miaka mitatu iliyopita ulimrudia na chenji yake. Hilo halimo kwenye shule yoyote ya filamu, na hakuna mwongozaji atakayeshuka kwenye ndege akiwa nalo mfukoni.

Mume wako mwambie hivi: mbachao hakuna anayeuacha. Mketishe na daftari, yeye ni mwalimu, ataelewa hesabu kuliko hotuba. Mwoneshe malipo ya tamthilia, mwoneshe ada, mwoneshe milioni moja na nusu na milioni mbili na nusu zinazobaki, na kiwanja kikiwa bado kinaota majani Kisesa. Halafu mwoneshe ile sini ya bibi. Mwambie ni yako. Naona katika barua yako alinyamaza siku nzima kwa ajili ya kiwanja, lakini hukuandika popote kwamba anajua ulilia.

Nimebakiza sharti moja, na hili ndilo gumu. Kwenye filamu yako fupi usiwe meneja. Mpe msaidizi wako bajeti yote, na fedha zenyewe azishike yeye. Atakosea. Atanunua maji mengi mno, atachelewesha mtumbwi, atapigwa bei ya sahani ambayo wewe usingekubali hata usingizini. Utasikia mikono inakuwasha. Usiulize. Ukiuliza mara moja tu bei ya sahani, umeshageuka umewapa kisogo wale wanawake wawili, na wingu halitakungoja.

Chagua siku mbili za wiki ambayo mvua za vuli zimeshaanza kupiga ila hazijatulia. Asubuhi ya siku ya kwanza, mkiwa bado barabarani kabla hamjashuka mwaloni, mkabidhi msaidizi wako simu yako. Ile yenye namba za kila mtu.